Kiebrania cha wahamiaji wa Marekani: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Mtu akisikia "fasihi ya Kiebrania", mawazo humkimbilia kwenye Biblia au kwenye Israeli ya leo. Katikati yapo maisha ya kundi ambalo wengi hawajapata kulisikia: wahamiaji walioandika, waliochapa na waliokusanya vitabu vya Kiebrania katika miji ya Marekani kwa zaidi ya nusu karne, huku wasomaji wao wakiwa wa kuhesabika. Haya ndiyo maswali yanayoulizwa zaidi kuwahusu.

Ni wahamiaji gani hasa?

Ni Wayahudi wa Ulaya Mashariki. Kati ya 1881 na 1924 zaidi ya milioni 2 waliingia Marekani, wengi wao kutoka himaya ya Urusi: Lithuania, Belarus, Ukraine na Poland za leo. Walikimbia umaskini, sheria za kibaguzi, na mashambulio yaliyoanza 1881 baada ya kuuawa kwa Tsar Alexander II. Wengi walishukia New York wakajazana mitaa ya Lower East Side, wakashona nguo katika vyumba vilivyokuwa kiwanda mchana na malazi usiku. Mwaka 1924 Bunge la Marekani likapitisha sheria ya mgao wa wahamiaji kwa kila nchi, na mlango ukafungwa karibu wote. Ukumbuke mwaka huo.

Kwani Kiebrania ndicho walichokuwa wakizungumza?

Hapana. Nyumbani, sokoni na kiwandani walizungumza Kiyidi, lugha ya Wayahudi wa Ulaya Mashariki iliyotokana na Kijerumani. Katika sensa ya Urusi ya 1897, Wayahudi 97 kati ya kila 100 walikitaja Kiyidi kuwa lugha yao ya mama. Kiebrania kilikuwa lugha ya sala na ya vitabu vya dini. Mvulana alianza kukisoma akiwa mdogo sana, na hali yake ilikuwa ile ya mtoto wa madrasa wa Lamu au Tanga anayeusoma Msahafu vizuri kabisa lakini hawezi kuomba maji kwa Kiarabu.

Hata hivyo walikuwapo waliovuka mpaka huo. Tangu karne ya 19 kulikuwa na vuguvugu la elimu ya kisasa lililokitumia Kiebrania kuandikia riwaya, mashairi, sayansi na magazeti. *Ha-Melits* lilianza Odessa mwaka 1860, *Ha-Tsefira* likaanza Warsaw mwaka 1862. Kijana aliyelelewa na magazeti hayo alipopanda meli, aliyabeba moyoni. Alipofika New York akayakosa, ndipo kazi ilipoanza.

Kiebrania kilikuwapo Marekani kabla yao?

Kilikuwapo, lakini mikononi mwa Wakristo zaidi. Vyuo vya mwanzo vya New England viliwafundisha wachungaji wa kesho Kiebrania ili wasome Agano la Kale katika lugha yake. Judah Monis, Myahudi aliyebatizwa mwaka 1722, alifundisha Harvard na kuchapa kitabu chake cha sarufi mwaka 1735. Wanafunzi walikichukia, kama wanafunzi wanavyozichukia sarufi popote.

Kitabu cha Kiebrania kilichotungwa na Myahudi kwa ajili ya Wayahudi, tukiviweka kando vitabu vya sala, kilichelewa mpaka 1860. Ni *Avnei Yehoshua*, ufafanuzi wa mafundisho ya wahenga, kazi ya Joshua Falk, rabi aliyetoka Poland. Mtu anayenivutia zaidi hapo si mwandishi, ni fundi aliyepanga herufi. Mwishoni mwa kitabu aliongeza maneno yake mwenyewe kumshukuru Mungu kwamba bahati hiyo ilimwangukia yeye, kupanga herufi za kitabu cha kwanza cha aina hiyo katika nchi ile. Gazeti la kwanza, *Ha-Tsofe*, likafuata mwaka 1871 chini ya Zvi Hirsch Bernstein, likadumu miaka mitano hivi.

Kwa nini wang'ang'anie lugha ambayo mama zao hawakuizungumza?

Jibu la kawaida ni Uzayuni, vuguvugu la kuwarudisha Wayahudi Palestina, na ni kweli: waliamini taifa linaamka na lugha yake inaamka nalo. Lakini ukiwasoma wenyewe unakuta pia hofu. Waliona Marekani inavyoyeyusha watu. Baba anashika Sabato, mwanawe anafungua duka Jumamosi, mjukuu hajui hata herufi. Kiebrania kilikuwa kwao uzi wa kushikilia kizazi hadi kizazi, pasipo kulazimika kuwa mcha Mungu.

Kulikuwa na kiburi pia, tusifiche. Wengi wao walikidharau Kiyidi, wakakiita lugha ya jikoni. Hawakukitendea haki. Kiyidi kilikuwa na tamthilia zilizojaza kumbi, na gazeti la *Forverts*, lililoanza 1897, liliuza nakala zaidi ya 200,000 kwa siku wakati wa kilele chake. Wapenzi wa Kiebrania walipigana vita vya heshima dhidi ya lugha ambayo watu waliitumia kweli, na wengi wao walikula mkate wake, maana magazeti ya Kiyidi ndiyo yaliyokuwa na mishahara.

Ephraim Deinard ni nani, na kwa nini kila mtu anamtaja?

Kwa sababu bila yeye maktaba kubwa za Marekani zingekuwa na rafu tupu upande wa Kiebrania.

Alizaliwa 1846 Courland, katika Latvia ya leo. Ujanani alikuwa karani wa Abraham Firkovich wa Krimea, Mkaraimu (wa madhehebu ya Kiyahudi yanayofuata Biblia peke yake), aliyekusanya hati za kale kwa maelfu na kutuhumiwa kuzighushi tarehe. Ukitaka kujifunza biashara ya hati, na hila zake, hapakuwa na mwalimu mkubwa kuliko huyo. Deinard akafungua duka la vitabu Odessa, akasafiri huku na huko akinunua, na mwaka 1888 akahamia Marekani. Mwaka 1897 alijaribu kuanzisha makazi ya wakulima wa Kiyahudi jangwani Nevada. Yalikufa upesi. Akarudi kwenye vitabu.

Mteja wake wa kwanza mkubwa alikuwa jaji Mayer Sulzberger wa Philadelphia. Deinard alimtafutia vitabu, kisha akamtungia katalogi ya mkusanyo wake mwaka 1896. Mkusanyo huo ndio uliokuja kuwa msingi wa maktaba ya Jewish Theological Seminary, seminari ya marabi ya New York. Mwaka 1912 mwenye benki Jacob Schiff alinunua kwa Deinard vitabu na vijitabu karibu 10,000 na kuvitoa zawadi kwa Maktaba ya Bunge, Washington. Mwaka 1929 Lucius Littauer, mfanyabiashara wa glavu aliyewahi kuwa mbunge, akanunua mkusanyo mwingine wa Deinard wa vitabu kama 12,000 kwa ajili ya Harvard. Taasisi tatu kuu, na nyuma ya zote mchuuzi mmoja.

Kwa tabia alikuwa mgomvi wa kupindukia. Aliandika makumi ya vitabu, vingi akivichapa kwa nakala chache, na ndani yake aliwashambulia Wahasidi, wafuasi wa Kabbala, marabi wa mageuzi, Wakaraimu, na wauzaji wenzake wa vitabu. Ukimsoma unacheka, kisha unachoka. Lakini mwaka 1926 alitoa *Kohelet Amerika*, orodha ya vitabu vya Kiebrania vilivyochapwa Marekani tangu 1735 hadi 1925. Kati ya maingizo anabandika matusi kwa waandishi asiowapenda. Watafiti bado wanaitumia orodha, matusi na yote.

Maktaba hizi ziliwasaidia wahamiaji wenyewe, au zilikuwa za maprofesa tu?

Inategemea maktaba. Ile ya umma ya New York ilikuwa yao kabisa. Kitengo cha vitabu vya Kiyahudi kilianzishwa 1897 kwa fedha za Schiff, na mkutubi wake wa kwanza, Abraham Freidus, alikuwa mhamiaji kutoka Riga. Mshona nguo aliyemaliza zamu aliweza kuingia bila kulipa senti, akaomba kitabu cha Kiebrania na kukisoma penye mwanga na joto, vitu viwili ambavyo chumbani kwake vilikuwa adimu. Freidus alibuni mfumo wake mwenyewe wa kupanga vitabu hivyo na kuutumikia mpaka alipofariki 1923. Waandishi walimzunguka pale kana kwamba yeye ndiye mwenye baraza.

Maktaba ya seminari ilikuwa ya wasomi zaidi. Solomon Schechter aliwasili kuiongoza seminari mwaka 1902, tayari akiwa maarufu: mwaka 1896 na 1897 ndiye aliyezichimbua kutoka sinagogi la Ben Ezra huko Kairo karatasi kuukuu za karne nyingi zilizowekwa stoo kwa sababu hazikuruhusiwa kutupwa, na kuzipeleka Cambridge. Alexander Marx, mkutubi tangu 1903, akaikuza maktaba hiyo hadi ikawa miongoni mwa kubwa kabisa duniani katika fani yake.

Tarehe 18 Aprili 1966 moto ulizuka katika mnara wake. Vitabu kama 70,000 viliteketea, na vingine vingi vikalowa maji ya zimamoto. Wanafunzi na majirani, Wayahudi kwa wasio Wayahudi, walikuja kukaa kwenye meza ndefu wakichomeka karatasi za kufutia mikono baina ya kurasa, jani baada ya jani, ili zinyonye maji kabla ukungu haujaingia. Hati adimu zilinusurika kwa kuwa zilihifadhiwa sehemu nyingine.

Nani walikuwa wasomi wakubwa?

Ni wengi, nitawachukua wawili kwa sababu wanaonyesha jambo moja.

Israel Davidson alifika New York mwaka 1888 akiwa kijana kutoka Lithuania. Kazi ya maisha yake ni faharasa ya ushairi wa Kiebrania tangu baada ya Biblia, juzuu 4 zilizotoka kati ya 1924 na 1933. Ndani yake kuna mashairi na sala zaidi ya 35,000, kila moja kwa mstari wake wa kwanza, mtunzi wake akijulikana, na mahali lilipochapwa. Hakukuwa na kompyuta. Kulikuwa na kadi, wino na mtu mmoja mwenye subira. Anayetafiti ushairi huo leo bado anaanzia kwake.

Harry Austryn Wolfson naye alifika 1903, akaingia Harvard, na ujanani alichapa mashairi ya Kiebrania katika majarida ya New York. Mwaka 1925 akapewa kiti cha uprofesa wa fasihi na falsafa ya Kiebrania hapo Harvard, kwa fedha za Littauer yule yule. Na vitabu vyake vikubwa vya falsafa akaviandika kwa Kiingereza.

Jambo lenyewe ndilo hilo. Usomi wa Kiebrania ulishinda Marekani, ukapata viti vya uprofesa, maktaba na fedha. Lakini ulishinda kwa lugha ya nchi. Kiebrania kikawa kitu kinachochunguzwa, na idadi ya wanaokiandika ikabaki pale pale. Kwa maoni yangu hapa ndipo washairi walipoachwa nyuma, mapema kuliko walivyojua.

Mtu wa kawaida alifikiwaje?

Kwa vyama kwanza. Karibu kila mji wenye Wayahudi wengi ulikuwa na chama kidogo cha Kiebrania: chumba cha kukodi, rafu ya vitabu, mhadhara Jumamosi jioni, na ugomvi kuhusu nani awe mwenyekiti. Cha Baltimore kilikuwa na matokeo ambayo hakuna aliyeyatarajia. Wahamiaji wa chama cha fasihi ya Kiebrania cha huko walizoeana na Henrietta Szold, binti wa rabi wa mji, na mwaka 1889 wakashirikiana naye kufungua shule ya usiku ya kuwafundisha wageni Kiingereza. Wapenzi wa Kiebrania, na mchango wao unaokumbukwa zaidi ni madarasa ya Kiingereza! Szold baadaye akaanzisha Hadassah, jumuiya ya wanawake iliyojenga hospitali Yerusalemu.

Mwaka 1916 vyama hivi vikaungana chini ya Histadruth Ivrith, chama cha Kiebrania cha Marekani nzima. Kilichapa vitabu, kikaandaa mikutano, kikasukuma lugha iingizwe shuleni. Majarida nayo yalikuwapo: *Ha-Toren* tangu 1913, na *Miklat*, lililolipiwa na Abraham Joseph Stybel, mfanyabiashara wa ngozi aliyetumia mali yake kuwalipa waandishi na watafsiri wa Kiebrania kwa ukarimu ambao hawakupata kuuona tena. Biashara yake ilipoyumba, waandishi nao waliyumba.

Na *Hadoar*?

Hilo ndilo lililodumu. Lilianza Novemba 1921 kama gazeti la kila siku, jambo la kichaa kwa lugha isiyozungumzwa na mtu barabarani, na miezi michache baadaye likashindwa. Likazaliwa upya kama la kila wiki chini ya Histadruth Ivrith. Menachem Ribalow alilihariri mpaka alipofariki 1953. Ndani ulikuta habari za Palestina, mashairi, uhakiki, mabishano ya sarufi, na taarifa za kifo, ambazo kadiri miaka ilivyokwenda ziliongezeka kuliko za ndoa. Mwaka 1938 Ribalow alitoa diwani ya pamoja ya washairi wa Kiebrania wa Marekani, ushahidi kwamba walikuwa kundi, si watu watatu wenye wazimu mmoja. *Hadoar* lilizima mwanzoni mwa karne ya 21.

Waliandika kuhusu nini?

Hapa ndipo wengi hushangaa. Ungetarajia riwaya za Lower East Side: joto, moshi, mgomo wa washonaji, mama anayepika juu ya jiko la makaa. Hayo waliyaandika wa Kiyidi. Wa Kiebrania walitunga tenzi ndefu kuhusu wenyeji wa asili wa Marekani.

Benjamin Silkiner alitangulia, 1910, kwa utenzi *Mul Ohel Timmura*, ambamo kabila la wenyeji linakabiliana na Wahispania na kuangamia. Israel Efros akafuata 1933 na *Vigvamim Shotkim*, kisa cha Mwingereza na binti wa kabila la Nanticoke huko Maryland. Mwaka 1942 akatoa *Zahav*, juu ya mbio za dhahabu za California. Ephraim Lisitzky alichapa *Medurot Doakhot* 1937, hekaya za wenyeji zikiwa zimefumwa kuwa utenzi mmoja.

Kwa nini? Wahakiki wengine husema walikimbia ukweli wa mtaani kwao. Kuna haki katika lawama hiyo. Lakini soma tena: watu wenye lugha ya kale, wanaotazama wageni wakija kwa wingi, wanaojua kwamba nyimbo zao hazitakuwa na wa kuziimba. Hukosi kuona mshairi anajizungumzia. Walipoomboleza Wananticoke walikuwa wanapima kaburi lao wenyewe.

Lisitzky anastahili neno zaidi. Alizaliwa karibu na Minsk 1885, akafika Boston akiwa na miaka 15, akahangaika huku na huko mpaka Ontario, Kanada, na hatimaye akatulia New Orleans kama mkuu wa shule ya Kiebrania tangu 1918 hivi. Huko Kusini alisikia nyimbo za kiroho, mahubiri na hadithi za Wamarekani Weusi, na mwaka 1953 akachapa *Be-Oholei Kush*, diwani nzima iliyojengwa juu ya hayo. Lugha ya manabii ikibeba uchungu wa wana wa watumwa wa Louisiana, wakati sheria za ubaguzi zikiwa bado zinafanya kazi. Kuna mahali anawatazama watu hao kwa jicho la mgeni, na msomaji wa Afrika ataliona hilo mara moja. Ila ni nani mwingine wakati huo aliyewasikiliza kwa Kiebrania?

Wa nathari walikuwa wachache. Reuben Wallenrod ndiye ninayempendekeza: riwaya yake ya 1946, *Ki Fana Yom*, inahusu mwenye hoteli ya kitalii katika milima ya Catskill huku habari za maangamizi ya Wayahudi wa Ulaya zikipenya kidogo kidogo redioni na mezani.

Mashairi yao yanasomeka leo?

Yanasomeka, lakini mengi yamepoteza mdundo, na sababu yake ni ya kiufundi. Wayahudi wa Ulaya Mashariki walitamka Kiebrania wakitia mkazo zaidi kwenye silabi ya kabla ya mwisho, kama tunavyofanya sisi katika Kiswahili: Sabato waliiita *SHAbos*. Matamshi yaliyoshika Palestina yaliweka mkazo mwishoni: *shaBAT*. Silkiner na wenzake walipima mizani yao kwa matamshi ya kwanza. Mwisraeli akilisoma shairi hilo kwa sauti, mkazo unaangukia mahali pasipotakiwa kila mstari na shairi linachechemea. Mwenye sikio la mizani ataelewa hasara hiyo. Baadhi ya washairi walibadilika katikati ya safari, wengine walikataa, na ugomvi wao ulijaza kurasa.

Shule zilifanya nini?

Mtu wa kumjua ni Samson Benderly. Alizaliwa Safed, Palestina, akaja Baltimore kusomea udaktari, akauacha na kuwa mwalimu. Mwaka 1910 akakabidhiwa ofisi ya elimu ya Kiyahudi ya New York. Alisisitiza Kiebrania kifundishwe kwa Kiebrania, mwalimu asitafsiri: anaonyesha dirisha, analitaja, anafungua dirisha, anasema anachofanya. Vyuo vya ualimu vilikwishaanza: Gratz huko Philadelphia tangu 1895, cha seminari New York 1909, kisha Boston 1921. Karibu kila mshairi niliyemtaja alikula mshahara wa shule hizi. Silkiner na Efros walishiriki hata kutunga kamusi ya Kiingereza na Kiebrania, iliyotoka 1929.

Mwaka 1930 Kiebrania kikaingia katika shule za sekondari za serikali New York kama lugha ya kigeni kati ya nyingine. Mwaka 1941 ikaanza kambi ya likizo ya Massad, ambako watoto waliishi majira ya joto kwa Kiebrania, besiboli ikiwa pamoja, na kwa kuwa manabii hawakuacha msamiati wa besiboli, ulitungwa. Nadhani Massad ilizaa wasemaji wengi kuliko mashairi yote. Ilifungwa mwanzoni mwa miaka ya 1980.

Wanawake walikuwa wapi?

Pembezoni, kwa kuwa mlango wa Kiebrania ulikuwa elimu ya dini na elimu hiyo ilikuwa ya wavulana. Szold alipoomba kusoma seminari 1903 alikubaliwa kwa sharti kwamba hatadai kuwa rabi. Kati ya washairi, Anne Kleiman na Annabelle Farmelant walichapa diwani zao katikati ya karne ya 20, na kwa miongo mingi karibu hakuna aliyewataja.

Ben-Yehuda alihusika?

Kidogo. Eliezer Ben-Yehuda, aliyefika Jaffa 1881 na kumlea mwanawe kwa Kiebrania kitupu, alikaa Marekani wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia na kuendelea na kamusi yake huko. Wenyeji wake walimpokea kama shujaa. Bialik, mshairi mkuu wa Kiebrania wa zama zile, alizuru 1926 kuchangisha fedha, akasikilizwa na umati ambao sehemu kubwa haikuwa inasoma vitabu vyake.

Basi kwa nini fasihi hii ilififia?

Sheria ya 1924 ilikata chanzo. Kila mwandishi mkubwa wa kundi hili alizaliwa Ulaya, na waliozaliwa Brooklyn au Chicago waliandika Kiingereza. Pili, wasomaji walikuwa walimu, na walimu ndio walikuwa waandishi. Walinunuliana vitabu. Shule zao zilifundisha mtoto kusoma sala na kusema sentensi za darasani. Kutoka hapo hadi kufungua diwani kwa hiari kuna safari ambayo saa chache za jioni kwa wiki, baada ya shule ya kawaida, hazikuweza kuifikisha.

Tatu, ushindi wenyewe uliwamaliza. Israeli ilipoundwa 1948, mwandishi wa Kiebrania alikuwa na nchi. Shimon Halkin, mfasiri wa mshairi wa Marekani Walt Whitman, aliondoka 1949 kufundisha Chuo Kikuu cha Kiebrania, Yerusalemu. Efros aliondoka 1955 na kuwa miongoni mwa waasisi wa Chuo Kikuu cha Tel Aviv. Waliobaki walizeeka.

Gabriel Preil ndiye wa mwisho, na kwangu ndiye bora. Alizaliwa Tartu, Estonia, 1911, akaletwa New York akiwa na miaka 11, akaishi Bronx na mama yake miaka mingi. Mashairi yake hayana tenzi wala makabila: kuna mkahawa, theluji, kikombe cha kahawa, kumbukumbu ya Lithuania. Aliandika kwa mizani huru iliyojifunza kwa Kiyidi na Kiingereza. Washairi vijana wa Israeli walimgundua miaka ya 1960 wakamfanya wao, ingawa hakuwahi kuhamia kwao. Alifariki 1993 akiwa ziarani Yerusalemu.

Je, wahamiaji waliokwenda Israeli walisaidiwaje?

Hilo ni somo jingine, na lilikuwa na serikali nyuma yake. Shule ya kwanza ya lugha ya kina kwa wahamiaji, ulpan, ilifunguliwa Yerusalemu 1949. Tangu 1951 kulikuwa na *Omer*, gazeti lililochapwa na alama za irabu ili mgeni asome bila kukwama. Ndani ya miongo michache wahamiaji wenyewe wakawa waandishi: Shimon Ballas na Sami Michael kutoka Baghdad, Aharon Appelfeld kutoka Czernowitz. Walizungukwa na lugha dukani, jeshini na kwenye basi. Hicho ndicho New York haikuweza kutoa.

Kuna uhusiano wowote na Afrika Mashariki?

Upo, mwembamba. Mwaka 1903 Uingereza ilipendekeza Wayahudi wapewe ardhi katika uwanda wa Uasin Gishu, karibu na Eldoret ya leo, ingawa mpango ukaitwa wa "Uganda". Magazeti ya Kiebrania yaliubishania vikali, na Ben-Yehuda mwenyewe aliuunga mkono. Ulikataliwa 1905. Karibu na Mbale, Uganda, jamii ya Kiyahudi ya Abayudaya iliyoanzishwa na Semei Kakungulu mwaka 1919 imekuwa ikifundisha watoto wake Kiebrania cha sala.

Nikitaka kusoma, nianzie wapi?

Asiyejua Kiebrania aanze na Preil, ametafsiriwa kwa Kiingereza, halafu Wallenrod, halafu tawasifu ya Lisitzky. Anayekisoma atapata mengi bila malipo: Mradi wa Ben-Yehuda kwenye intaneti una maelfu ya matini, Maktaba ya Taifa ya Israeli imeweka magazeti ya kale yaliyopigwa picha ukurasa kwa ukurasa, na tovuti ya HebrewBooks ilianzishwa hasa kuokoa vitabu vya Kiebrania vilivyochapwa Marekani. Deinard yumo pia. Anza na utangulizi wake, ndiko matusi yalikojaa.